"Kwa nini baba yake alitaka kumwoa?"

BARUA

Shikamoo, Mama.

Mimi ni baba wa mabinti wawili. Mkubwa ana miaka 12, mdogo ana 6. Mama yao alifariki mdogo akiwa bado ananyonya, na tangu hapo nawalea mwenyewe, dada yangu akinisaidia. Katika mambo yote yaliyonishinda, moja sikuliacha: hadithi za usiku. Mkubwa siku hizi anajisomea vitabu vyake, lakini hadithi ikianza huja kukaa pembeni akijifanya ana shughuli nyingine, kumbe anasikiliza.

Juzi nilichukua kitabu cha hadithi za kale za Ulaya nikaanza kuwasomea "Ngozi ya Punda" bila kuipitia kwanza. Malkia yu mahututi. Kabla ya kukata roho anamwapisha mumewe kwamba asioe tena mpaka ampate mwanamke anayemzidi yeye kwa uzuri na hekima. Mfalme anatafuta kote, hapati. Mwishowe macho yake yanatua kwa binti yake wa kumzaa. Nilipofika hapo sauti ilinikauka. Nikafunga kitabu nikasema tulale, usiku umekwenda. Mkubwa akauliza, "Baba, kwa nini baba yake alitaka kumwoa? Na yeye alifanya nini?" Nikamjibu kwamba ni hadithi tu.

Nilipomsimulia dada yangu, alikasirika. Anasema aliwahi kumsikia mtu aliyesoma sana akieleza kwamba hadithi hizi zote ni uchafu uliofunikwa kwa nguo nzuri: kofia nyekundu ya yule msichana wa msituni ni damu ya hedhi, mbwamwitu ni mwanamume, na kijiti cha kusokotea nyuzi kilichomchoma binti wa mfalme kina maana ambayo hakutaka hata kuitamka mbele yangu. Akamalizia kwamba mwanamume asiye na mke, anayelala nyumba moja na mabinti, hafai kuwasomea mambo kama hayo, watu watasema nini?

Neno hilo limenichoma. Tangu usiku ule sijasoma. Mdogo analalamika kila akipanda kitandani. Mkubwa hasemi kitu, na ukimya wake unanitisha kuliko swali lake.

Je, ni kweli hadithi hizi zimejaa mambo ya tamaa? Nivitupe vitabu? Na swali la binti yangu nilijibu vipi, mimi ambaye ni baba?

Baba wa Wawili

JIBU

Marahaba, mwanangu. Pole kwa kufiwa na mwenzio, na hongera kwa malezi.

Nianze na la haraka, ya wataalamu yatafuata. Kirudie kitabu kile usiku wa leo au kesho, ukae na mkubwa peke yake, mkimalize. Ulikifunga mahali pabaya kuliko pote. Yule binti ameachwa ndani ya jumba la baba yake, na mwanao hajui kama alitoka. Katika maswali mawili aliyokuuliza, la pili ndilo zito zaidi: "Na yeye alifanya nini?" Sehemu yote ya hadithi iliyobaki inajibu swali hilo.

Alifanya mengi. Katika masimulizi ya Charles Perrault, yaliyochapishwa Ufaransa kwa mashairi mwaka 1694, binti anakwenda kwanza kwa mama yake wa ubatizo, mwanamke mwenye uwezo wa ajabu. Huyo anamshauri aombe vitu visivyopatikana: gauni la rangi ya anga, kisha la rangi ya mwezi, kisha la rangi ya jua. Mfalme anavileta vyote. Ndipo anapoomba ngozi ya punda anayetoa dhahabu, ambaye ndiye chanzo cha utajiri wa ufalme. Mfalme anamchinja punda. Sasa binti ameona kwamba hakuna gharama itakayomrudisha nyuma mtu huyu. Anajifunika ile ngozi, anajipaka uchafu usoni, anatoroka. Anafanya kazi za kudharauliwa katika shamba la mbali, haolewi mpaka apatikane anayemtaka na ambaye naye anamtaka.

Kuna kijisehemu ambacho wengi hukipita bila kukiona. Perrault anasema mfalme alimpata hata mjuzi wa mambo ya dini aliyeamua kwamba ndoa ile inaweza kupendekezwa. Katika masimulizi ya ndugu Grimm wa Ujerumani yanayofanana na haya, washauri wa mfalme wanashtuka na kumwambia Mungu amekataza. Msichana wa miaka 12 anafaa kuyajua yote mawili. Wapo wakubwa watakaosema hapana, na wapo watakaopindisha hata dini ili mwenye nguvu apate anachokitaka. Pande zote mbili, binti hakukaa kungoja washauri wamwokoe.

Sasa nikuulize wewe na dada yako: siri iko wapi hapo? Tamaa ya mfalme imetajwa waziwazi, na imetajwa kuwa uovu. Mtafiti wa hadithi wa Uingereza, Marian Roalfe Cox, alipochapisha mwaka 1893 mkusanyo wake wa masimulizi 345 ya Cinderella na jamaa zake, hadithi za binti anayemkimbia baba aliyetaka kumwoa zilikuwamo kwa wingi. Watu wa nchi nyingi waliona ni jambo la kusimuliwa. Waliolificha walikuja baadaye, na tunawajua kwa majina.

Jacob na Wilhelm Grimm walitoa juzuu ya kwanza ya mkusanyo wao mwaka 1812. Ndani yake Rapunzel, aliyefungiwa mnarani, anatembelewa na mwana wa mfalme usiku baada ya usiku, kisha siku moja anamwuliza mlezi wake bila hila yoyote: mbona nguo zangu zinanibana? Msomaji mzima anaelewa papo hapo kwamba ana mimba. Walilaumiwa kwamba kitabu hakifai kwa watoto, na Wilhelm akaendelea kukihariri toleo baada ya toleo, mpaka la saba la mwaka 1857. Nguo zinazobana zikaondolewa. Badala yake Rapunzel anamwuliza mlezi mbona yeye ni mzito kumvuta juu kuliko kijana wa mfalme, swali la kijinga lisilomfaa msichana yule. Mapacha wanabaki mwishoni mwa hadithi, bila maelezo. Na hadithi ya Hans mpumbavu, ambaye alimtakia binti wa mfalme mimba naye akaipata, iliondolewa kitabuni kabisa.

Ukatili, kwa upande mwingine, haukumsumbua Wilhelm. Njiwa wanaowadonoa macho dada wa kambo wa Cinderella hawamo katika toleo la 1812, waliongezwa baadaye. Kwa maoni yake, mtoto asijue mimba inatoka wapi, lakini macho kutobolewa ayasikie kabla ya kulala. Mimi sikubaliani naye hata kidogo, na nadhani makosa hayo bado tunayafanya.

Liko jambo linaloniuma zaidi. Angalia ni nani anayesafishwa. Ile hadithi ya msichana aliyekatwa mikono, akina Grimm waliijua katika masimulizi ambayo baba anataka kumwoa binti yake, anakataliwa, anamkata. Wameyataja wenyewe katika maelezo yao. Lakini kwenye hadithi waliyowapa wasomaji, mwanzo ni mwingine: shetani ndiye anayemdai binti, na baba ni masikini tu aliyedanganywa na kuogopa. Mama mzazi wa Snow White, ambaye mwaka 1812 ndiye aliyemwonea wivu mwanawe, kufikia 1819 amegeuzwa mama wa kambo. Mzazi aliyemdhuru mtoto wake anatolewa jukwaani, lawama anabebeshwa shetani au mgeni wa nyumba. Fikiria msichana anayeumizwa na mtu wa ndani ya nyumba yake. Hadithi iliyomjua imeondolewa rafuni.

Nije kwa dada yako, maana hakukosea yote. Kuhusu mbwamwitu yuko sahihi, tena Perrault alilisema mwenyewe. Katika kitabu chake cha 1697 msichana wa kofia nyekundu anavua nguo, anapanda kitandani, analiwa, na hadithi imekwisha. Hakuna mwindaji. Baada ya hapo yanafuata mashairi ya mafunzo yanayowaonya wasichana kwamba wapo mbwamwitu wapole, wenye maneno matamu, wanaowafuata mpaka nyumbani, na hao ndio hatari kuliko wote. Hapakuhitajika mtaalamu wa kulifumbua fumbo hilo.

Kuhusu kofia, hapana. Tafsiri ya hedhi ilitolewa na mwanasaikolojia Erich Fromm mwaka 1951. Mwanahistoria Robert Darnton aliijibu mwaka 1984 kwa hoja nyepesi ya kuelewa: katika masimulizi ya wakulima wa Ufaransa msichana hana kofia nyekundu kabisa. Fromm alilitafutia maana kuu jambo ambalo masimulizi hayo hayana. Na tazama wakulima walivyoimaliza hadithi yao. Msichana akiwa tayari kitandani anashtuka, anasema amebanwa, atoke nje kidogo. Mbwamwitu anamfunga kamba mguuni. Akifika nje anaifungua, anaifunga kwenye mti, anakimbia mpaka kwao. Kwa Perrault anakufa. Kwa akina Grimm anaokolewa na mwanamume mwenye bunduki. Mimi nampenda yule wa kamba, na kama ni mabinti zangu ndiye ningewasimulia.

Hatari ya kusoma hadithi kama mafumbo ya siri ni kwamba inaweza kukufanya usione kilicho mbele ya macho. Mume mwenye ndevu za buluu anampa mkewe funguo zote na kumkataza chumba kimoja. Mke anakifungua, anakuta maiti za wake waliotangulia, ufunguo unaingia damu isiyosafishika. Mwanasaikolojia Bruno Bettelheim, katika kitabu chake maarufu cha 1976 kuhusu hadithi hizi, aliiona damu ile kama dalili ya mke aliyekosa uaminifu wa ndoa. Chumba kimejaa wanawake waliouawa, na msomaji anachunguza mwenendo wa aliye hai! Kwa hiyo mtaalamu akikueleza siri ya hadithi, kabla ya kumkubali tazama anamwelekezea nani lawama.

Usije ukawafundisha mabinti zako mbwamwitu peke yake, lakini. Hadithi hizi zinajua pia kwamba msichana anapenda, anatamani, anachagua, na wakati mwingine anachagua vibaya. Sisi tunaye yule binti aliyewakataa wachumba wote wa kijijini, akampenda mgeni mzuri asiyejulikana atokako, akafuatana naye, kumbe ni zimwi, na katika masimulizi mengine mdomo wa pili uko kisogoni chini ya nywele. Husimuliwa kama kemeo: ona, msichana asiyesikia. Mimi huisikiliza kwa namna nyingine. Inakiri kwamba binti ana jicho lake na moyo wake, na kwamba uzuri wa mtu haukuambii nia yake. Hayo ni mazungumzo mazuri na mtu wa miaka 12, ambaye mwili wake unabadilika au karibu utabadilika, na ambaye wewe utake usitake ataanza kumwona mtu na kumpenda.

Ipo moja ya kumsomea mkubwa ukiwa naye hapo. Ni ya Mfalme Chura. Wengi wanadhani binti alimbusu chura akageuka kijana. Kwa akina Grimm hakuna busu. Binti alimwahidi chura urafiki ili amrudishie mpira wake wa dhahabu. Chura anakuja kudai: ale kwenye sahani yake, alale kitandani mwake. Binti anachukizwa, anaogopa. Na ni nani anayemlazimisha? Baba yake. Ulichoahidi lazima ukitimize, anamwambia. Binti anatii mezani, anatii kumbeba juu mpaka chumbani, lakini chura anapotaka kupanda kitandani anamshika na kumbamiza ukutani kwa nguvu zake zote. Hapo ndipo uchawi unapovunjika. Toleo la 1812 linasema wakalala pamoja kwa furaha. Yale ya baadaye yaliharakisha kutaja ndoa na ridhaa ya baba. Nikisoma pale huwa namfikiria yule baba kuliko chura. Alikuwa na nia njema, alitaka mwanawe awe mtu wa kutimiza neno lake, na bado hakumsikia alipokuwa anakataa. Mwulize binti yako anamwonaje baba yule, kisha umwache aseme, hata kama atasema mambo ya kukuumiza kidogo.

Sasa maneno ya kumjibu. Yachukue ukayaseme kwa namna yako: "Uliniuliza kwa nini mfalme alitaka kumwoa mwanawe, na sikukujibu kwa sababu nilishtuka. Mfalme alikuwa na tamaa mbaya, na kosa lilikuwa lake, si la binti wala la uzuri wa binti. Baba hamwoi mwanawe wala hamgusi kwa tamaa. Hilo ni haramu. Lakini hutokea duniani, ndiyo maana watu walilisimulia. Likikupata kutoka kwa mtu yeyote, wa nje au wa nyumbani, hata ningekuwa mimi, kimbia na useme, na kosa halitakuwa lako." Usiyaruke yale "hata ningekuwa mimi." Najua yatakuwia mazito kinywani kuliko mengine yote. Ndiyo yatakayomfanya aamini kwamba mengine yote uliyosema ni kweli, maana watoto hutuona tukijitoa kwenye kanuni tunazowawekea.

Kisha mwulize: yule binti alikuwa na mama yake wa ubatizo, wewe ungemwendea nani? Akutajie wawili, na angalau mmoja asiwe wa nyumba yenu. Awe mwalimu, muuguzi, mama wa rafiki yake, yeyote anayemwamini. Usimchagulie. Na siku hizo hizo zungumzeni kuhusu kuvunja ungo kama hamjazungumza, kwa maneno ya kawaida, bila hadithi wala mafumbo. Asikie kwako kwamba hakuna aibu, na asikie kwa mwanamke mambo ambayo mwanamke atayaeleza vizuri zaidi.

Hapo dada yako ana kazi kubwa. Mwalike aje usiku mmoja asikilize mnavyosoma. Mwambie pia, kwa heshima lakini bila kuzunguka, kwamba neno lile la "watu watasema nini" lilikuumiza. Anayetaka kumdhuru mtoto hamsomei hadithi ya msichana aliyetoroka akapona. Humtaka asijue kitu na asiwe na wa kumwambia. Ukiacha kusoma kwa kuogopa maneno ya watu, mabinti zako watajifunza kwamba kuna maswali ambayo baba yao hawezi kuulizwa, na hayo ndiyo watakayokuja kuwa na haja ya kuyauliza.

Vitabu usivitupe. Ila uvipitie mchana kabla ya kuvisoma usiku, kwa sababu hadithi yenye jina moja inaweza kuwa na matoleo yaliyoachana kabisa. Yule mrembo aliyelala, katika kitabu cha Giambattista Basile cha Napoli kilichotoka miaka ya 1634 hadi 1636, hakuamshwa kwa busu. Mfalme mwenye mke alimkuta hana fahamu, akamwingilia, akaenda zake, naye akazaa mapacha akiwa usingizini. Basile aliwaandikia watu wazima, na hiyo waachie watu wazima. Binti yako mdogo wa miaka 6 msomee matoleo yaliyolainishwa, na usimfafanulie maana iliyojificha. Hapo Bettelheim nakubaliana naye, kwamba ukimweleza mtoto kwa nini hadithi inamvuta unamharibia. Akiuliza, mjibu sentensi moja ya kweli, uone kama anataka ya pili. Mara nyingi haitaki.

Mkubwa mkiimaliza "Ngozi ya Punda," mwache achague mwenyewe itakayofuata. Akitaka ile ya mume mwenye ndevu za buluu, msomee yote, mpaka kaka zake yule mke wanapofika.